WOI-TV: Televisheni ya Chuo Iliyouzwa Ikiwa na Miaka 44

Tarehe 21 Februari 1950, katika mji mdogo wa Ames, jimbo la Iowa nchini Marekani, chuo cha kilimo na ufundi cha Iowa State kiliwasha mtambo wa televisheni yake, WOI-TV, kwenye chaneli ya 4. Hakikuwa kituo cha majaribio cha maabara, wala saa chache za vipindi zilizoombwa kwenye kituo cha mtu mwingine. Kilikuwa kituo kamili, chenye leseni, mnara, studio na ratiba ya kila siku, na mwenye mali alikuwa chuo chenyewe. Hakuna chuo kingine Marekani kilichokuwa kimefika hapo. Tarehe 1 Machi 1994 kituo hichohicho kilikabidhiwa kwa kampuni binafsi, baada ya mvutano uliofika hadi Mahakama ya Juu ya jimbo.

Kisa hiki nimekirudia mara nyingi kwa sababu ya swali moja. Ilikuwaje chuo kilichowatangulia wote kikashindwa kukishika kituo chake, ilhali vyuo vilivyokuja nyuma yake vingine vinavyo hadi leo? Jibu la haraka ni kwamba biashara ilikiua. Mimi sikubaliani nalo, na sababu zangu zimo ndani ya historia yenyewe.

Chuo kilichozoea kuwafuata watu

Iowa State haikuingia kwenye televisheni kwa kupenda mambo mapya. Ilikuwa moja ya vyuo vilivyonufaika na sheria ya mwaka 1862, ambayo serikali ya Marekani ilitumia kuyapa majimbo ardhi ili mapato yake yaendeshe vyuo vya kilimo na ufundi. Iowa ndilo jimbo la kwanza kuikubali sheria hiyo. Vyuo vya namna hii vilizaliwa na deni: mkulima aliyeko kilomita mia kutoka darasani naye ni mwanafunzi, na elimu lazima imfikie.

Deni hilo lililipwa kwa njia ambazo hadi leo zinanisisimua. Mwaka 1904 mtaalamu wa mahindi wa chuo hicho, Perry Holden, alipanda treni na kuzunguka nayo jimboni. Treni ilisimama stesheni ndogo, wakulima wakapanda behewani, wakasikiliza somo la kuchagua mbegu, wakashuka, treni ikaenda stesheni inayofuata. Somo lilikuwa jepesi kulifuata: toa punje chache kwenye kila hindi uliloliweka akiba ya mbegu, zioteshe mahali penye unyevu kabla ya msimu, na hindi ambalo punje zake hazikuchipua usilipeleke shambani. Hakuna aliyehitaji kitabu ili kulielewa.

Ikaja redio. Chuo kilipata leseni ya kituo cha WOI mwaka 1922, na bei za soko, hali ya hewa na ushauri wa ugani vikaanza kuingia majumbani bila treni. Kwa hiyo watu wa Ames walipoanza kuzungumza juu ya televisheni baada ya vita kuu ya pili, kwao ilikuwa hatua ya tatu ya safari ileile. Tena Iowa ilikuwa na uzoefu: chuo kikuu kingine cha jimbo hilo, kilichoko Iowa City, kilirusha picha za majaribio miaka ya 1930 kupitia kituo cha W9XK, picha zikienda kwa masafa mafupi na sauti ikipita kwenye redio ya chuo. Majaribio hayo yalikoma bila kuzaa kituo cha kudumu.

Mlango uliofungwa nyuma yake

Hapa ndipo kisa kinapopinda, na waandishi wengi hupita hapa mbiombio.

Mwaka 1948 tume ya serikali inayosimamia masafa, FCC, ilikuwa ikitoa vibali vya televisheni kwa kasi. Ikagundua kwamba chaneli zilizokuwapo hazitoshi, na kwamba vituo vilivyokaribiana vinaingiliana. Tarehe 30 Septemba 1948 ikasimamisha maombi yote mapya. Usitishaji ulitarajiwa kuwa wa miezi michache. Uliendelea hadi Aprili 1952. Aliyekuwa na kibali kabla ya siku hiyo aliruhusiwa kujenga na kurusha. Asiyekuwa nacho alikaa nje ya mlango karibu miaka minne, hata awe tajiri namna gani. Nchi nzima ilibaki na vituo 108.

Iowa State ilikuwa na kibali chake mkononi. Des Moines, mji mkuu wa jimbo ulio kama kilomita 50 kusini mwa Ames, haukuwa na hata kituo kimoja. Magazeti makubwa na vituo vikubwa vya redio vya mji ule vilibaki kutazama. Basi kituo cha chuo cha kilimo kikawa televisheni pekee ya Iowa ya kati, na aliyenunua runinga katika eneo hilo hakuwa na cha kuchagua.

Jambo la pili ni aina ya leseni. Mwaka 1948 hapakuwa na chaneli zilizotengwa kwa ajili ya elimu; utaratibu huo ulikuja mwaka 1952, usitishaji ulipoondolewa, ambapo chaneli 242 ziliwekwa kando kwa vituo visivyo vya biashara. Aliyepigania zaidi utaratibu huo ndani ya tume ni Frieda Hennock, mwanamke wa kwanza kuwa kamishna wake. Ames ilikuwa imeshatangulia. Leseni yake ilikuwa ya kawaida, ya biashara, sawa na ya kampuni yoyote. Chuo cha umma kilikuwa na haki ya kuuza muda wa matangazo, na kilikuwa peke yake sokoni.

Mashirika manne, mtambo mmoja

Marekani wakati huo ilikuwa na mashirika makubwa manne ya televisheni: CBS, NBC, ABC na DuMont. Kila moja lilitaka kufika Iowa ya kati, na njia ilikuwa moja tu. WOI-TV ikabeba vipindi vya yote manne. Mkurugenzi wake, Richard Hull, mtu aliyeheshimika sana miongoni mwa watangazaji wa elimu, alilazimika kupanga jioni moja ambamo mashirika manne yanagombea saa zilezile, na chuo nacho kina ya kwake ya kusema.

Nataka tusogee karibu kidogo tuone kazi hiyo ilivyokuwa. Kabla miji ya mbali haijaunganishwa kwa nyaya na minara ya kupokezana mawimbi, kipindi kilichorushwa moja kwa moja New York kilirekodiwa kwa njia iitwayo kineskopu. Kamera ya filamu iliwekwa mbele ya skrini ya televisheni, ikapiga picha ya picha. Filamu ikasafishwa, ikakunjwa kwenye gurudumu, ikatiwa kwenye kopo la bati na kusafirishwa. Kituo kikiipokea, fundi anaichunguza kama imekatika, anaiunganisha, anaivisha kwenye projekta iliyoelekezwa kwenye kamera ya televisheni, na kipindi kinakwenda hewani. Mtazamaji wa nyumbani alikuwa anaona picha ya filamu ya picha, yenye kijivu kilichofifia na ukingo uliopinda. Hata hivyo alivuta kiti karibu.

Kwa fedha na hadhira iliyotoka kwenye vipindi vile, chuo kilifanya mambo ambayo kituo cha biashara tupu kisingeyagusa. Mwaka 1952, kwa msaada wa mfuko wa elimu ya watu wazima ulioanzishwa na shirika la hisani la Ford Foundation, WOI-TV ilitengeneza mfululizo uitwao The Whole Town's Talking. Wenyeji wa miji midogo ya Iowa waliketi mbele ya kamera na kubishana juu ya mambo yao wenyewe, kama vile nini kifanywe na shule za vijijini zenye wanafunzi wachache. Wao ndio walikuwa kipindi, wakiwa na nguo zao za kazi na majina ya majirani zao midomoni. Naamini hiki ndicho kilele cha kituo kile. Kazi ileile ya behewa la Holden ilikuwa imepata nyumba mpya, na safari hii mkulima hakuwa wa kusikiliza tu.

Kulikuwa na watoto pia. The Magic Window ilianza mwaka 1951, na kuanzia 1954 mtangazaji wake alikuwa Betty Lou Varnum, aliyekishika kipindi hicho kwa miaka 40. Mambo yake yalikuwa madogo madogo: vikaragosi, katuni, na kazi ya mikono ambayo mtoto angeweza kuifanya nyumbani kwa karatasi, mkasi na gundi. Kwa vizazi viwili vya watoto wa Iowa ya kati, WOI ilikuwa na sura ya mwanamke huyo. Wakati kituo kinauzwa, waliokuwa wakipinga kwa sauti walikuwa watu wazima waliokua wakimtazama.

Upweke unakwisha

Usitishaji ulipoisha, Des Moines haikungoja. WHO-TV iliingia hewani Aprili 1954 ikaichukua NBC. KRNT-TV ikafuata mwaka 1955 ikaichukua CBS. DuMont ilikuwa inazimika. WOI-TV, ambayo kwa mpangilio mpya wa masafa ilikuwa imehamia chaneli ya 5, ikabaki na ABC, shirika ambalo wakati huo lilikuwa dogo na dhaifu kuliko wenzake wawili.

Kwa miaka minne hivi kituo kilikuwa kimepata watazamaji wote bila kuwatafuta. Sasa kilikuwa na washindani wawili wenye studio katikati ya mji mkuu, karibu na bunge la jimbo, karibu na wafanyabiashara wenye kulipia matangazo, na chenyewe kiko Ames, kwenye kampasi. Katika habari kilizoea nafasi ya tatu. ABC ilipopanda sana katikati ya miaka ya 1970, vipindi vyake vya usiku vilileta watu, lakini taarifa ya habari ya nyumbani haikupanda nayo kwa kiasi hicho.

Pigo la pili lilikuwa la kimya zaidi, na kwa maoni yangu ndilo zito. Mwaka 1959 shule za umma za Des Moines zilifungua kituo chao cha elimu kwenye chaneli ya 11. Miaka kumi baadaye jimbo lilikichukua na kukifanya kiini cha mtandao wa televisheni ya elimu wa Iowa nzima. Jimbo likawa linamiliki televisheni mbili. Moja ilikuwa na kazi inayoeleweka kwa sentensi moja: elimu kwa umma, bila biashara. Nyingine ilirusha tamthilia na michezo ya ABC, ikauza matangazo, na mali ilikuwa ya chuo kikuu. Ukimuuliza mbunge wa jimbo ile ya pili ni ya nini, jibu lilihitaji historia ndefu.

Hakuna siku ambayo chuo kilikaa kikao kikaamua kuwa WOI-TV sasa ni biashara tu. Hilo ndilo linalouma. Kila uamuzi ukiutazama peke yake ulikuwa wa busara: chukua vipindi vya shirika, vinalipa, ajiri wataalamu wa kudumu, mtambo ni ghali, jaza jioni kwa vinavyopendwa. Wanafunzi walifanya kazi pale, wengi wakajifunza mengi, lakini ratiba ya masomo ya chuo haikutegemea kituo, na kituo hakikutegemea ratiba ya masomo. Kamba iliyowaunganisha ililegea uzi mmoja mmoja.

Uuzaji

Miaka ya 1980 ilikuwa migumu Iowa. Madeni na kushuka kwa bei ya ardhi kuliwafilisi wakulima wengi, na mapato ya jimbo yakabana. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 bodi inayosimamia vyuo vikuu vya umma vya jimbo ilianza kukiangalia kituo kama mali inayoweza kugeuzwa fedha, na mwaka 1992 ikapiga kura kukiuza kwa kampuni ya Citadel Communications. Hoja yenyewe ilikuwa na nguvu: kituo cha biashara si sehemu ya kazi ya msingi ya chuo kikuu, na kinabeba hatari ya soko kwa mali ya umma.

Wananchi waliopinga waliunda kikundi na kwenda mahakamani. Hoja yao ilikuwa kwamba kituo ni amana ya watu wa Iowa, hakikujengwa ili siku moja kiwe bidhaa. Nikisoma hoja za pande mbili naona kila upande ulikuwa unazungumzia kituo tofauti. Bodi ilizungumzia kile cha 1992. Wapinzani walizungumzia kile cha 1952. Mahakama ya Juu ya Iowa haikuzuia uuzaji, na mnamo Machi 1994 funguo zikabadilisha mikono. Mwaka huohuo The Magic Window ilifikia mwisho.

Tuwatazame wenzake

Sasa nirudi kwenye lile jibu la haraka, kwamba biashara ndiyo iliyokiua. Kama ndivyo, KOMU-TV ingekuwa imekufa zamani.

KOMU ni kituo cha Chuo Kikuu cha Missouri, mjini Columbia, kilichoingia hewani tarehe 21 Desemba 1953. Nacho kina leseni ya biashara, kinauza matangazo na ni mshirika wa NBC. Bado ni cha chuo. Tofauti iko ndani ya chumba cha habari: waandishi wanaotoka na kamera asubuhi ni wanafunzi wa shule ya uandishi wa habari ya chuo hicho, na wahariri wanaowasahihisha ni walimu wao. Mwanafunzi anakwenda kwenye ajali, anahoji, anakata picha, na jioni kazi yake inaonekana na watu waliokuwepo pale barabarani. Akikosea jina la mtaa, simu zinalia. Mtu akitaka kukiuza kituo kile, itabidi kwanza aeleze shule itafundishia wapi. Swali hilo peke yake ni ngome.

Upande mwingine yuko KUHT ya Chuo Kikuu cha Houston, kituo cha kwanza kwenye chaneli zilizotengwa kwa elimu, kilichoanza tarehe 25 Mei 1953. Hakikuwa na matangazo ya kuuza. Kilirusha masomo yenye kuhesabiwa kwenye shahada, mengi usiku, ili anayefanya kazi mchana aweze kuyafuata nyumbani. Fedha zilikuwa taabu tangu mwanzo. Lakini leseni ya namna hiyo haina bei kubwa sokoni, kwa hiyo hakuna tajiri wa kuibishia hodi kila bajeti inapobana. KUHT ipo, na bado ni ya chuo.

Halafu wapo waliokwenda njia ya WOI. Chuo Kikuu cha Loyola, New Orleans, kilianzisha WWL-TV mwaka 1957, kikakiuza karibu na 1990. Notre Dame ilikuwa na WNDU kuanzia 1955, ikaiuza mwaka 2006 kwa kampuni ya Gray kwa dola milioni 85. WWL kilikuwa kituo chenye nguvu sana katika mji wake, tena kilikuwa na watazamaji ambao Ames iliwaonea wivu. Kufanikiwa sokoni hakukukiokoa; kulikipandisha bei.

Ukiviweka vituo hivi mezani pamoja, mpaka haupiti kati ya vya biashara na visivyo vya biashara. Unapita kati ya kituo ambacho chuo kikikipoteza kuna kazi yake itakayosimama kesho asubuhi, na kituo ambacho chuo kikikipoteza kitapata hundi. WOI-TV ilianza upande wa kwanza, wakati ilipokuwa ugani uliovaa picha. Ikavuka polepole, na sidhani kama kuna aliyeona siku ilipovuka. Kama ningepewa kuonyesha kidole, ningeonyesha mwaka 1959, chaneli ya elimu ilipofunguliwa Des Moines chini ya mkono mwingine. Hapo ndipo chuo kilipaswa kukipa kituo chake kazi mpya, kama Missouri ilivyofanya. Kilikuwa na shule ya kilimo, ya uhandisi, ya uandishi wa habari, na mtambo unaowafikia watu wa Iowa ya kati. Vyombo vilikuwapo.

Kuna ushahidi mmoja zaidi, nao uko Ames kwenyewe. Bodi ilipouza televisheni haikuuza redio. WOI ya AM na ya FM, zisizo na matangazo ya biashara na zisizo na faida ya kumtia mtu tamaa, zilibaki na chuo. Baadaye zikaunganishwa na redio za vyuo vingine vya umma vya jimbo na kuwa Iowa Public Radio. Mwenye mali alikuwa yuleyule na herufi zilezile tatu. Kilichokuwa maskini kilibaki nyumbani.

Kampuni mpya ilikitoa kituo Ames na kukipeleka West Des Moines, kwenye soko lake. Mwaka 2014 kikanunuliwa na kampuni ya Nexstar, mwaka 2019 kikapita kwa kampuni nyingine, TEGNA. Bado kinaitwa WOI, bado ni chaneli ya 5, bado ni ABC. Makopo ya filamu hayakwenda nacho. Yako kwenye kumbukumbu za maktaba ya chuo, pamoja na kineskopu za miaka ya 1950, kijivu na zimepinda ukingoni.